Dawa, Sumu na Ukoko: Majina ya Sumu Zidumuzo katika Njia ya Misafara ya Unyamwezi

Mkulima wa tumbaku wa Urambo au wa Sikonge aendapo dukani kununua kitu cha kuulia wadudu wa shambani husema anakwenda kununua dawa. Mkewe ampelekapo mtoto mwenye homa kwenye zahanati husema naye anafuata dawa. Vitu hivyo viwili huingia katika nyumba moja siku moja, pengine hukaa juu ya rafu moja, na lugha ya nyumba hiyo imevipa jina moja. Maadam vitu vilivyoitwa dawa vilikuwa mizizi, majani na magome, umoja huo wa jina haukuwa na madhara makubwa; kwa kuwa nguvu ya vitu vya namna hiyo aghalabu hupungua upesi, na mwenye kuvitumia alikuwa ni yule yule aliyevichimba, au alimjua mganga aliyevichimba. Mambo yaligeuka katika karne ya 20, wanakemia walipojifunza kutengeneza vitu ambavyo havipatikani porini, na ambavyo maji, jua na viini vya udongoni haviwezi kuvivunja kwa wepesi. Makala haya yaeleza vitu hivyo ni nini, vimefanya nini katika nchi hizi, na Kiswahili kimeviita kwa majina gani. Nayo yadai kwamba katika jina ndimo ilimo sehemu moja ya hatari.

Mahali panapofaa kuanzia ni Tabora, wala si kwa sababu ya tumbaku peke yake. Mji huu ulikuwa kitovu cha njia ya misafara iliyotoka Bagamoyo, ikapita Ugogo, ikafika Unyanyembe, kisha ikaendelea hadi Ujiji penye Ziwa Tanganyika. Burton na Speke waliufikia mwezi wa Novemba 1857, wakati makazi ya Waarabu yalipoitwa Kazeh, na Livingstone alikaa Kwihara, karibu na hapo, katika mwaka wa 1872. Mizigo ya pembe na vitambaa ilichukuliwa na wapagazi, na wengi wao walikuwa Wanyamwezi. Wengine waliopita katika njia hiyo walikuwa watumwa, jambo ambalo haifai mwandishi wa biashara ile kulipitia kando. Pamoja na mizigo ilisafiri lugha. Maneno ya njia hii yana tabia ya kubadili maana kadiri mambo yenyewe yanavyobadilika. Hongo ilikuwa ushuru ambao msafara ulimtolea mtemi ili upate kupita katika nchi yake, na ilitolewa mchana mbele ya watu wote. Leo ni rushwa, nayo hutolewa kwa siri. Marekani ilikuwa kitambaa kabla haijawa, kwa watu wengi wa bara, jina la nchi.

Neno dawa, lenye asili ya Kiarabu, lilipofika Unyamwezi halikukuta pengo. Kinyamwezi na Kisukuma vilikuwa na neno bugota, lililo katika ngeli ile ile ya majina ya u-, na maana yake ilikuwa pana: chochote chenye nguvu iliyofichika ambacho mtu hukitumia ili kupata jambo alitakalo, liwe kupona, kupata mvua, kushinda adui au kulinda shamba. Upana huo huo ulikuwamo katika dawa ya Waswahili wa pwani, na wenye kamusi wa zamani waliandika maana ya uganguzi na ya hirizi pamoja na maana ya tiba. Kwa hiyo maneno mawili yenye sura moja yalikutana, na moja likatiana nguvu na jingine. Hapakuwa na sababu ya mtu wa Tabora kuuliza kama dawa fulani ni ya kuponya au ni ya kuua, kwa sababu katika fikira zake na za mgeni wake swali lilikuwa jingine: dawa hii ina nguvu au haina?

Sarufi nayo haisaidii. Fungu la maneno "dawa ya" hufuatwa na jina, lakini kiunganishi -a hakisemi uhusiano uliopo kati ya dawa na jina hilo. Dawa ya kifua huponya kifua. Dawa ya panya haimponyi panya. Dawa ya meno husafisha meno, dawa ya viatu hung'arisha viatu, dawa ya mchwa huua mchwa, na dawa ya ng'ombe yaweza kuwa sindano ya kumtibu au maji ya kuulia kupe walio mwilini mwake. Msikilizaji huelewa kwa kuwa anaijua dunia, si kwa kuwa sarufi imemwambia. Zaidi ya hayo, mdudu ni neno pana pia. Vidudu ni vijimea na vijinyama visababishavyo maradhi, wadudu ni siafu na viwavi. Na tofauti baina ya "dawa ya kuua vidudu", ambayo muuguzi huitumia kuosha kidonda, na "dawa ya kuua wadudu", ambayo haifai hata kuguswa kwa mkono mtupu, ni silabi moja tu. Mwalimu wa lugha huona hapa mfano mzuri wa utata. Daktari wa wilaya huona jambo jingine.

Yafaa sasa kueleza vitu vyenyewe. Mashuhuri kuliko vyote ni DDT, ambayo watu wa Afrika ya Mashariki huitamka kwa herufi zake, didiiti. Iliundwa kwa mara ya kwanza mwaka wa 1874 na Othmar Zeidler, lakini hakuna aliyejua matumizi yake mpaka mwaka wa 1939, Paul Müller wa Uswisi alipogundua kwamba huua wadudu kwa kuwagusa tu. Alipewa Tuzo ya Nobel ya tiba mwaka wa 1948, na wakati huo hapana aliyeona ajabu, kwa kuwa DDT ilikuwa imekwisha kuwaokoa watu wengi katika homa ya chawa na malaria. Ilifuatwa na ndugu zake: aldrini, dieldrini, endrini, klordeni, heptaklori, toksafini, lindeni na wengineo. Takriban zote zina umbo la aina moja, yaani mifupa ya kaboni iliyoshikamana na klorini. Mshikamano wa kaboni na klorini ni mgumu kuvunjika, na viumbe wa udongoni wanaoozesha majani na mizoga hawana zana nzuri za kuuvunja. Hiyo ndiyo sababu ya kudumu.

Sifa ya pili ni kwamba vitu hivi havipendi maji, vyapenda mafuta. Mnyama akivila havitoki kwa mkojo, bali hukaa katika shahamu yake. Samaki mdogo hula vijimea vingi vya majini, samaki mkubwa hula samaki wadogo wengi, ndege hula samaki wakubwa wengi, na katika kila hatua kiasi huongezeka, hata sumu isiyoweza kuonekana ndani ya maji ikawa nyingi katika mwili wa ndege. Hivyo ndivyo maganda ya mayai ya kozi na ya ndege kadhaa walao samaki yalivyopata kuwa membamba katika Ulaya na Marekani, yakavunjika chini ya mama aliyeyaatamia. Rachel Carson alipoyaandika mambo haya katika kitabu chake cha mwaka wa 1962 alishutumiwa sana na wenye viwanda. Miaka kumi baadaye Marekani ilipiga marufuku DDT mashambani. Kiswahili kina kitenzi kinachoeleza jambo hili vizuri kuliko maelezo marefu, nacho ni kulimbika. Mwenye kisima kikavu hulimbika maji, yaani huyaacha yachuruzike kidogo kidogo mpaka yajae kata. Mtu wa Unyamwezi aijuaye miezi ya kiangazi hahitaji kufundishwa maana yake. Sumu hizi hulimbika katika shahamu, nako kisima hakichotwi ila kwa njia moja iliyo wazi: maziwa ya mama. Mwanamke anyonyeshaye humpa mtoto wake sehemu ya yale aliyoyaweka mwilini kwa miaka mingi. Uchunguzi wa maziwa ya akina mama wa Tanzania ya kaskazini, uliochapishwa mwaka wa 2017, uliikuta humo mabaki ya DDT. Hata hivyo wataalamu hawamshauri mama yeyote aache kunyonyesha, kwa kuwa faida ya maziwa yake yashinda hatari hiyo.

Sifa ya tatu ni kusafiri. Katika nchi za baridi nusu ya DDT iliyomwagwa udongoni yaweza kubaki kwa miaka kadhaa, pengine hata 15. Katika nchi za joto huondoka upesi zaidi, na watu walipata kujifariji kwa habari hiyo; lakini sehemu kubwa ya ile iliyoondoka haikuharibika, ilipaa tu hewani, ikachukuliwa na upepo mpaka ilipokuta baridi, ikashuka. Wainuit wa kaskazini ya mbali, wasiolima pamba wala tumbaku, wamekutwa na sumu hizi miilini mwao kwa wingi kupita watu wa nchi nyingi zilizozitumia, kwa kuwa chakula chao ni wanyama wa baharini wenye shahamu nyingi.

Kuhusu afya ya binadamu, mambo mengine ni dhahiri na mengine bado yachunguzwa. Kipimo kikubwa cha sumu hizi hushambulia neva, na katika nchi kadhaa wapuliziaji wa dieldrini walishikwa na kifafa. Kipimo kidogo cha muda mrefu ndicho kigumu kupimwa, kwa sababu madhara yake hutokea baada ya miaka na huchanganyika na mengine. Huvuruga homoni, na baadhi ya sumu hizi zatia saratani. Mwaka wa 2015 wakala wa saratani wa Shirika la Afya Duniani aliiweka lindeni katika kundi la vitu visababishavyo saratani kwa yakini, na DDT katika kundi la vile vinavyodhaniwa kwa nguvu kuisababisha.

Katika Afrika ya Mashariki sumu hizi ziliingia kwa mlango wa heri. Kati ya mwaka wa 1955 na 1959 nyumba za Pare na Taveta, mpakani mwa Tanganyika na Kenya, zilipuliziwa dieldrini katika jaribio kubwa la kupambana na malaria, na Zanzibar ikafuata mwishoni mwa miaka ya 1950 kwa dieldrini na DDT. Malaria ilipungua sana. Huu ni ukweli ambao mwenye kuzishutumu sumu hizi hana budi kuutaja kwanza, kwa kuwa watoto waliopona walikuwa watoto wa kweli. Kwa mbung'o, walioeneza malale na kuzifanya sehemu kubwa za pori la miombo la Tabora zisikalike, DDT na dieldrini zilitumika pia katika nchi hizi, baada ya miaka mingi ya kutegemea kufyeka pori na kuhamisha watu. Urambo yenyewe ilikuwa mojawapo ya sehemu tatu za mpango wa karanga ulioanza mwaka wa 1947 na kuvunjika mwaka wa 1951, ukiacha madeni, matrekta mabovu na ardhi iliyofyekwa, ambayo baadaye iligeuzwa kuwa ya tumbaku. Tumbaku ni zao la wadudu wengi. Yafaa ieleweke, lakini, kwamba sumu auziwazo mkulima wa tumbaku siku hizi kwa kawaida si zile za ukoo wa DDT; nyingi huoza upesi zaidi, ingawa baadhi yake ni kali zaidi kwa anayezivuta au kuzimwagikia siku hiyo hiyo.

Josho la ng'ombe lastahili kutazamwa peke yake, kwa kuwa ndilo mfano bora wa jina lifichalo jambo. Neno latokana na kuosha. Ng'ombe hufikiriwa kuwa anaogeshwa. Lakini maji ya josho katika nusu ya kwanza ya karne iliyopita yalikuwa na aseniki, ambayo ni elementi na kwa hiyo haiozi kabisa, na baadaye yakatiwa toksafini au lindeni. Yalipochakaa yalimwagwa kando. Mchungaji aliyekunywa maji ya kisima kilicho chini ya josho alikunywa, kwa mujibu wa lugha, maji ya kuogea, nani angeogopa?

Jambo lililotokea Vikuge, katika Wilaya ya Kibaha, lajulikana zaidi kuliko mengine yote katika Tanzania, kwa sababu wanakemia walilipima. Mwaka wa 1986 shamba la huko lilipokea shehena ya viuatilifu kutoka Ugiriki, kama tani 170, ambavyo baadhi yake vilikuwa vimekwisha muda wake. Ilikuwa zawadi. Viliwekwa katika banda, banda likaanguka, mvua ikanyesha juu yake mwaka baada ya mwaka. Rundo lililoonekana kwa macho liliondolewa baadaye, lakini matokeo yaliyochapishwa mwaka wa 2004 yalionyesha kwamba katika sehemu nyingine udongo wa juu ulikuwa na DDT na mabaki yake hadi asilimia 28, na kwamba sumu ilikuwa imeshuka sentimeta 50 chini na kuingia katika maji ya kisima. Udongo wenyewe umekuwa taka ya sumu. Tanzania iliridhia Mkataba wa Stockholm mwaka wa 2004, na mpango wa kukusanya na kuteketeza shehena za namna hii katika Afrika ulianza mwaka wa 2005. Lakini udongo haukusanyiki kama magunia.

Ugumu wa kutofautisha sumu kwa muda wa maisha yake waonekana vizuri zaidi katika uvuvi. Watu wa sehemu nyingi za bara na pwani wameujua utupa tangu zamani, mmea ambao majani yake hupondwa na kutiwa katika kidimbwi ili samaki walewe na kuelea. Nguvu ya utupa humtesa samaki lakini huharibiwa na jua na joto la maji katika siku chache, na watu wamekula samaki wake kwa vizazi. Katika miaka ya 1990 wavuvi wengine wa Ziwa Viktoria walianza kutumia viuatilifu vya dukani kwa kazi hiyo hiyo, na mwaka wa 1999 Umoja wa Ulaya ulikataa kununua samaki wa ziwa hilo kutoka Uganda, Kenya na Tanzania. Kiuatilifu kilichotajwa sana, endosalfani, kiliingizwa katika orodha ya Mkataba wa Stockholm mwaka wa 2011. Hao wavuvi hawakuwa wendawazimu. Walifuata desturi inayofahamika, wakabadili kifaa tu. Na katika lugha yao hapakuwa na neno la kuwaambia kwamba sumu ya kwanza hufa na ya pili haifi. Sumu ni sumu. Neno hili nalo ni la Kiarabu, nalo husema kitu huua. Halisemi kitaendelea kuua mpaka lini.

Neno mafuta lina kasoro ya namna hiyo. Mafuta ya kupikia, ya taa, ya gari na ya kujipaka yote ni mafuta, na mafuta ya transfoma pia. Transfoma za zamani zilitiwa mafuta yenye PCB, kundi la kemikali za klorini zisizoungua kwa urahisi, ambazo zimo katika orodha ya kwanza ya Stockholm pamoja na DDT. Katika Kenya imeripotiwa kwamba mafuta yaliyoibwa kutoka katika transfoma huuzwa kwa wakaangaji wa viazi, ambao huyasifu kwa kuwa hayaishi upesi jikoni. Zebaki yenyewe, itumiwayo na wachimbaji wadogo wa dhahabu, wakiwamo wale wa Nzega kaskazini ya Tabora, ina jina lake la zamani lisilochanganyika na kitu kingine. Na bado hilo halikutosha, kwa kuwa jina laeleza kitu na halielezi tabia yake. Mchimbaji huona zebaki ikipotea juu ya moto, akadhani imekwisha.

Kwamba maneno huweza kuua si chumvi ya mwandishi. Katika miaka ya 1955 hadi 1959 watu wa kusini-mashariki ya Uturuki walikula ngano ya mbegu iliyotiwa heksaklorobenzini ya kuzuia ukungu. Maelfu waliugua, na watoto wengi wachanga walikufa kwa sumu iliyopita katika maziwa ya mama zao. Mwaka wa 1971 Iraki ilipokea ngano na shayiri ya mbegu iliyotiwa zebaki. Nafaka ilikuwa imepakwa rangi nyekundu, na maonyo yalikuwa yameandikwa juu ya magunia kwa Kihispania na Kiingereza, pamoja na mchoro wa fuvu. Wakulima wa Iraki hawakusoma lugha hizo, mchoro ule haukuwa na maana kwao, na rangi ilipooshwa walidhani sumu nayo imeoshwa. Watu zaidi ya 6,500 walilazwa hospitalini na 459 kati yao walikufa. Mkasa huu hufundishwa katika vyuo vya tiba. Haujulikani vya kutosha katika vyuo vya lugha, ingawa kwa hakika ni mkasa wa tafsiri.

Kiswahili sanifu hakikukaa kimya. Neno kiuatilifu limekubaliwa na serikali, hata likaingia katika jina la mamlaka ya nchi: taasisi ya utafiti ya Arusha iliyojulikana kwa miaka mingi kwa herufi za TPRI iliunganishwa mwaka wa 2020 katika Mamlaka ya Afya ya Mimea na Viuatilifu Tanzania. Muundo wake ni ule wa kifunguakinywa na kipimajoto, yaani ki-, kitenzi, kisha kinachotendewa. Katika kiuadudu na kiuagugu kinachotendewa ni jina. Katika kiuatilifu ni tilifu, shina la Kiarabu lenye maana ya kuharibu na kuharibika, ambalo mtu wa bara halijui likiwa peke yake. Kwa hiyo nusu ya neno yasikika na nusu haisikiki. Mbaya zaidi, muundo huo huo umezaa kiuavijasumu, jina la dawa ambazo daktari humpa mgonjwa azimeze kwa siku saba. Viuatilifu havimezwi, viuavijasumu vyamezwa. Na katika neno la pili ndimo lilimo neno sumu! Hapana budi kusema kwamba waliounda maneno haya walifanya kazi nzuri neno kwa neno, ila hawakuyaweka mezani yote pamoja na kuyatazama kama mkulima atakavyoyasikia.

Watumiaji wenyewe wamejaribu njia nyingine. Umbo la madawa, ambalo wasanifu hulikataa na ambalo sheria ya mwaka wa 2015 haikulifuata iliposema "dawa za kulevya", halikuzuka kwa ujinga. Ngeli ya ma- katika Kiswahili hubeba wingi usiohesabika na pia dharau, na msemaji asemaye madawa ya kulevya au madawa ya shambani aghalabu huashiria kwamba vitu hivyo si vile vya zahanati. Ni jitihada ya kutenganisha kwa ngeli kile ambacho msamiati umekiunganisha. Yamkini imechelewa, lakini mchunguzi asiihesabu kuwa kosa tu.

Tatizo lililobaki ni la jina la kundi zima la sumu zidumuzo, zile 12 zilizoorodheshwa kwanza katika mkataba wa mwaka wa 2001 na nyingine zilizoongezwa tangu mwaka wa 2009. Jina la Kiingereza lina maneno matatu, na la kati ndilo mtego. Katika mashamba neno hilo huelezea kilimo kisichotumia kemikali za viwandani, ambacho Kiswahili hukiita kilimo hai. Katika kemia neno hilo hilo humaanisha kitu kilichojengwa kwa kaboni. Mfasiri akifuata shamba badala ya maabara atapata "vichafuzi hai", yaani uchafu ulio mzima, na mkulima atafahamu kinyume cha kilichokusudiwa, kwamba ni kitu kizuri cha asili. Akifuata maabara atasema "vichafuzi vya kaboni", na msikilizaji atakumbuka mkaa. Ni heri neno hilo la kati liachwe kabisa katika lugha ya watu wote, libaki katika vitabu vya wanakemia.

Kuhusu kudumu, wengine watapendelea sumu sugu, kwa mfano wa ugonjwa sugu. Jina hili ni fupi na lapendeza sikio, lakini usugu umekwisha kuchukuliwa: mbu au kunguni asiyekufa kwa DDT huitwa sugu, na kwa kweli kunguni waliozoea DDT ndio waliowafanya wenye nyumba wengi wawafukuze wapuliziaji. Sumu sugu na mdudu sugu katika sentensi moja vitamchanganya msomaji. Sumu kaidi yatia utani. Sumu dumifu ni sahihi na haina ladha.

Lipo neno lililokwisha kufanya kazi hii, nalo halikutoka katika kamati. Upuliziaji wa nyumba dhidi ya malaria uliporejeshwa Tanzania bara, kuanzia Muleba katika Mkoa wa Kagera mwaka wa 2007, kitu kilichopakwa ukutani kiliitwa dawa ukoko. Ukoko ni ile gamba ya wali au ugali inayoshika chini ya chungu, ambayo watoto huigombania. Mtu aliyelisikia jina hili alielewa mara moja, bila semina, kwamba dawa hii haipulizwi ikapita. Hushika ukutani na kubaki. Kwa sarufi ni jina linalofuata jina bila kiunganishi, kama askari kanzu na bata mzinga, na hapa ukimya wa kiunganishi ni faida, kwa kuwa "ukoko wa dawa" ingekuwa mabaki yasiyotakiwa, ilhali dawa ukoko ni dawa ambayo kubaki ndiyo kazi yake. Dawa hiyo ya Muleba haikuwa DDT, ilikuwa ya jamii ya pareto ya kutengenezwa, na ukoko wake huisha baada ya miezi.

Basi kama ukuta wa miezi michache umepata jina, ardhi ya Vikuge haistahili kukosa. Sumu ukoko ingesema mambo mawili kwa pumzi moja: kwamba kitu huua, na kwamba hakibanduki. Pingamizi lililo wazi ni kwamba ukoko huliwa, tena kwa furaha. Lakini jina linaloongoza ni sumu, wala hakuna Mswahili aliyewahi kula bata mzinga akidhani ni mzinga. Pingamizi zito zaidi ni kwamba dawa ukoko na sumu ukoko zitaonekana kuwa kitu kimoja kwa majina mawili, na wapuliziaji wa malaria watalalamika kwamba kazi yao imepakwa matope. Hilo ni kweli kwa sehemu, na kwa DDT ni kweli kabisa: mkataba wa Stockholm waruhusu itumike kwa ajili ya kudhibiti wadudu waenezao maradhi kama malaria tu, na Uganda ilipoipulizia katika wilaya za Apac na Oyam mwaka wa 2008 wauzaji wa mazao ya kilimo hai walikwenda mahakamani. Kitu kimoja kilikuwa dawa ukoko kwa mganga mkuu na sumu ukoko kwa mwenye ufuta. Haifai lugha iwaamulie. Yafaa tu iwape maneno ya kushindania.

Kamusi zitakapochapwa upya, ingizo la ukoko lastahili kupangwa upya kwa utaratibu huu: kwanza chungu, kisha ukuta, kisha udongo na shahamu. Chini ya kulimbika iongezwe maana ya sumu ikusanyikayo mwilini, karibu na ile ya maji ya kisimani. Na chini ya dawa, pale palipoandikwa kwamba ni kitu cha kutibu maradhi, maana ya kitu cha kuulia wadudu na panya ipewe namba yake mwenyewe, badala ya kufichwa katika mifano, ili mwalimu wa shule ya Urambo aifunguapo kamusi mbele ya watoto wa wakulima apate mahali pa kuweka kidole.